Basilika za Roma (4): Balozi wa Kongo Anayepitwa na Wageni

Tangu Papa Fransisko alipozikwa ndani ya Santa Maria Maggiore, Aprili 26, 2025, picha za basilika hiyo haziishi magazetini. Ulikuwa Mwaka wa Jubilei, kwa hiyo waliokuja kuvuka Mlango Mtakatifu walikutana na waliokuja kaburini, na foleni ikaenea uwanja mzima. Mlango ulifungwa siku ya Noeli ya mwaka huo. Kaburi bado lipo na watu bado wanakwenda. Mahujaji kutoka majimbo yetu nao wamekwenda. Kila ninapokutana na mmoja wao aliyerudi, namuuliza swali lile lile: ulimwona balozi wa Kongo? Sijapata hata mmoja aliyejibu kwamba alimwona. Wengi hawajapata kusikia kwamba yupo.

Siwalaumu, maana najua ziara fupi ya kuongozwa inavyokwenda. Mnapita kwenye mashine za ukaguzi, mnagawiwa vipaza sauti vya masikioni, mwongozaji anainua kijibendera chake, na baada ya nusu saa hivi mko nje. Anawasimamisha katikati ya kanisa mtazame juu, kwenye dari ya mbao iliyopakwa dhahabu. Mapokeo yanasema ilikuwa dhahabu ya kwanza kuletwa Ulaya kutoka Amerika, zawadi ya Ferdinand na Isabella wa Hispania kwa Papa Aleksanda VI. Anawaonyesha nguzo 40 na mozaiki zilizo juu yake. Mbele ya altare kuu mnashuka ngazi kuyatazama masalia ya hori la Bethlehemu. Mnapita kando ya bamba la sakafuni ambapo Gian Lorenzo Bernini, mjenzi wa nguzo zinazouzunguka uwanja wa Mtakatifu Petro, amelala pamoja na jamaa zake. Kisha mnajipanga upande wa kushoto, kati ya kikanisa cha Paulo V na kile cha Sforza, mpaka mfike mbele ya kaburi la jiwe la Liguria lenye neno moja tu: FRANCISCUS. Mnasali kidogo, mnapiga picha, mnatoka.

Mimi pia niliwahi kufuata ziara ya namna hiyo. Mwongozaji wetu alikuwa mtu msomi, na alieleza mambo kwa mapenzi. Nilipomwomba tugeuke upande wa kulia, kwenye chumba cha ubatizo, alisema muda hauruhusu na hakuna kundi linaloomba kupelekwa huko. Jibu hilo la pili limenikaa moyoni kuliko la kwanza.

Kabla sijafika huko niseme neno kuhusu mozaiki, kwa sababu nazo hupewa dakika chache mno. Wasomaji wa sehemu ya pili wanakumbuka Mtaguso wa Efeso wa mwaka 431, uliotangaza kwamba Maria ni Mama wa Mungu. Papa Sixtus III alianza kuongoza Kanisa mwaka uliofuata, na jengo hili ndilo alilolisimamisha kwenye kilima cha Esquilino. Mozaiki za ukutani zinazosimulia habari za Abrahamu, Musa na Yoshua ni za wakati huo, karne ya 5, na bado ziko mahali pake. Watu wengi wa Roma hawakujua kusoma, walisoma kuta. Ni humu pia, mwishoni mwa miaka ya 860, Papa Adriano II alipoweka juu ya altare vitabu vya ibada vya Kislavoni vilivyoletwa na Kirili na Metodi, akavibariki, wakati wapinzani wao walikuwa wakidai kwamba Mungu hasifiwi ila kwa Kiebrania, Kigiriki na Kilatini. Sisi tunaoimba Misa kwa Kiswahili tunapaswa kusimama mahali hapo kwa shukrani. Basi, sasa twende upande wa kulia.

Katika chumba cha ubatizo kuna sanamu ya kifua na kichwa cha mwanamume Mwafrika. Kichwa ni cha jiwe jeusi. Vazi lake la Kikongo limechongwa mfano wa wavu, na podo la mishale liko mgongoni. Aliyeichonga ni Francesco Caporale, na maandishi yake yanataja mwaka 1629, wakati wa Papa Urbani VIII. Waroma walizoea kumwita Nigrita, kwa rangi yake. Jina lake ni Antonio Manuel ne Vunda, balozi wa Álvaro II, mfalme wa Kongo, kwa Papa Paulo V.

Ili kumwelewa ni lazima turudi nyuma zaidi ya miaka mia moja. Mfalme Nzinga a Nkuwu wa Kongo alibatizwa mwaka 1491, miaka 7 kabla Vasco da Gama hajatia nanga Mombasa na Malindi, na karibu miaka 400 kabla ya mashahidi wa Uganda. Mwanawe Mvemba a Nzinga, aliyeitwa Afonso I, alisoma, alijenga makanisa na shule, akamwandikia mfalme wa Ureno barua ambazo zipo hadi leo. Katika barua za mwaka 1526 analalamika kwamba wafanyabiashara wa Kireno wanawakamata raia wake, hata watoto wa watu wakubwa na jamaa zake mwenyewe, na kwamba nchi inabaki tupu. Mwanawe Henrique alisomea Ulaya, na mwaka 1518 Papa Leo X akamfanya askofu. Naomba msomaji aisome tena tarehe hiyo. Hapa Tanzania tunamkumbuka kwa haki Laurean Rugambwa wa Bukoba, aliyefanywa kardinali mwaka 1960. Ila watoto wetu wanamaliza shule bila kusikia kwamba Roma ilikuwa na askofu Mwafrika kutoka Kongo zaidi ya miaka 440 kabla ya hapo.

Wala nisiwapake Wakongo rangi ya malaika. Wafalme wa Kongo walikuwa na watumwa, nao waliuza mateka wa vita. Afonso alipinga biashara iliyokuwa imemponyoka mikononi na kula watu wake mwenyewe. Hakuipinga biashara yote. Ukweli huo unatuuma, na ni lazima usemwe pamoja na mengine, la sivyo tutakuwa tunafanya walichofanya wenye kuficha sanamu hii nyuma ya haraka.

Mwaka 1596 Papa Klementi VIII aliunda jimbo la kiaskofu lenye makao yake Mbanza Kongo, mji ambao Wareno waliuita São Salvador. Leo uko kaskazini mwa Angola, na mwaka 2017 UNESCO iliuingiza katika Urithi wa Dunia. Lakini haki ya kuchagua askofu ilikuwa ya mfalme wa Ureno, na tangu 1580 taji la Ureno lilikuwa juu ya kichwa cha mfalme wa Hispania. Maana yake, askofu wa Kongo alikuwa mtu wa wale wale waliokuwa wakiinyonya Kongo. Álvaro II alitaka kuivunja kamba hiyo. Alitaka aseme na Roma moja kwa moja, kama mfalme Mkristo anavyosema na Papa, apewe mapadre wasiotumwa na Lisbon. Ndiyo kazi aliyompa Ne Vunda mwaka 1604.

Safari ile ilikuwa ya mateso. Meli ilipitia Brazil, kwa kuwa ndiyo ilikuwa njia ya merikebu. Baharini waliporwa na maharamia. Walifika Lisbon, wakaenda Hispania, na huko wakakawizwa kwa muda mrefu, kwa sababu watawala wa Hispania hawakuwa na hamu ya kumwona Mwafrika akifika kwa Papa bila wao kuwa katikati. Wenzake wengi walikufa kabla ya kufika. Yeye mwenyewe aliingia Roma siku za kwanza za Januari 1608 akiwa mgonjwa wa kubebwa.

Paulo V alikuwa ameandaa mapokezi makubwa kwa siku ya Tokeo la Bwana, Januari 6, siku ambayo Kanisa linawakumbuka Mamajusi waliotoka mbali na zawadi zao. Roma nzima ilikuwa inasubiri kuwaona Wakongo wakipita kwa maandamano. Ne Vunda alilazwa ndani ya Vatikani, Papa akaenda kumwona kitandani na kumbariki, na mkesha wa sikukuu hiyo balozi akafariki. Heshima zilizoandaliwa kwa mapokezi zikageuka kuwa za maziko, na mwili ukapelekwa Santa Maria Maggiore. Kumzika karibu na hori la Bethlehemu mtu aliyesafiri miaka mitatu na zaidi, na akafa katika mkesha wa Mamajusi, kulikuwa tendo la watu waliojua wanachofanya.

Ujumbe wake haukuzikwa naye. Mwaka 1622 Roma iliunda idara ya kueneza imani, iliyotuma wamisionari bila kungoja wafalme, na mwaka 1645 Wakapuchini wa kwanza walifika Kongo, wengi wa waliowafuata wakiwa Waitaliano. Ombi la Álvaro lilijibiwa miaka 37 baada ya balozi wake kufa, na miaka 20 tu kabla ya vita vya Mbwila, Oktoba 1665, ambamo Wareno walimuua mfalme António I na kumkata kichwa. Ufalme haukurudia nguvu zake za zamani. Nasikitika kila ninapozipanga tarehe hizi pamoja. Laiti sikio la Roma lingefunguka mapema, huenda mapadre wasio watumishi wa Lisbon wangekuwa Mbanza Kongo nusu karne nzima kabla ya maangamizi yale.

Sasa turudi kwenye foleni. Kabla na baada ya kila safari ya nje, Papa Fransisko alikwenda kusali mbele ya picha ya Bikira Maria iitwayo Salus Populi Romani, iliyo katika kikanisa cha Paulo V, Papa yule yule aliyemwinamia Ne Vunda kitandani. Alikwenda hapo kabla ya ziara ya Nairobi, Namugongo na Bangui mwaka 2015, na kabla ya ile ya Kinshasa mwaka 2023. Kinshasa, mji mkuu wa nchi yenye jina la ufalme ule! Ukivuka kanisa kutoka kaburi la Fransisko hadi sanamu ya balozi, ni mwendo wa dakika moja au mbili. Wanaoandaa safari za mahujaji wetu wanapanga hoteli, basi na duka la rozari kwa makini sana, halafu wanawapeleka watu bila hata jioni moja ya mafundisho. Mtu anauza ng'ombe au anachanga miaka mingi ili afike Roma, kisha anaonyeshwa dhahabu ya Wahispania na haonyeshwi ndugu yake. Hilo ni kosa letu waandaaji na walimu zaidi kuliko la mwongozaji wa Kirumi, ambaye anaeleza anachoulizwa.

Kwa hiyo, kiongozi wa kundi, sema wakati wa kuagiza ziara, si mkiwa mlangoni, kwamba mnataka kuingia chumba cha ubatizo. Kiko kulia kwa anayeingia kutoka mlango mkuu. Humo humo kuna mchoro wa mawe wa Kupalizwa Mbinguni uliochongwa na Pietro Bernini, baba wa yule aliyezikwa karibu na altare kuu, kwa hiyo hata mwongozaji ataona faida ya kuwapeleka. Mkikuta mlango umefungwa, waulizeni walinzi kwa adabu. Wakati mwingine huwa kuna ubatizo, ambao una haki kuliko watalii. Na wenye siku ya ziada mjini wanaweza kuomba mapema nafasi ya kutembelea jumba la Quirinale, leo ikulu ya rais wa Italia, ambako ukutani mwa ukumbi mkubwa Paulo V aliamuru wachorwe mabalozi wa nchi za mbali. Wa Kongo yumo miongoni mwao.

Sehemu ijayo tutatoka nje ya kuta za mji, kwenda San Paolo.