Jina Likiitwa na Mwenye Kesi Hayupo

Karani anaita jina la mrufani mlangoni, kimya. Anaita tena, kimya. Jaji anafungua faili na kuandika mistari miwili: mrufani hayupo, wakili wake hayupo, rufaa imefutwa. Katika madai ya fedha, anayelipuuza dai lake anajitia hasara mwenyewe. Kwenye jinai mambo ni mazito zaidi, maana huyo asiyeonekana huenda ni mtu aliyekwisha kuhukumiwa kifungo.

Mahakama ya Juu ya India ililitolea jambo hili uamuzi mwaka 1996, katika kesi ya Bani Singh dhidi ya Jimbo la Uttar Pradesh. Mahakama Kuu ilikuwa imeifuta rufaa ya jinai kwa sababu tu hakuna aliyejitokeza kuitetea. Majaji watatu walisema sheria haina nafasi ya kufuta rufaa namna hiyo. Rufaa ikishapokelewa kwa ajili ya kusikilizwa, mahakama inapaswa kusoma hukumu inayolalamikiwa pamoja na kumbukumbu za ushahidi, kisha iamue kama hatia ilithibitishwa. Hailazimiki kuahirisha kila wakili anapokosa kufika. Inaweza kuendelea na kuamua. Lakini mrufani akiwa gerezani na wakili wake hayupo, inafaa ipangwe tarehe nyingine ili aletwe, na hakuna kinachoizuia mahakama kumteua wakili kwa gharama ya serikali.

Naamini majaji wale walikuwa sahihi kabisa. Mfungwa hajipangii tarehe wala hajiendeshi kwenda mahakamani. Wakili akizembea, jioni anarudi nyumbani kwake. Anayelala gerezani ni mteja. Tena kutofika kwa mtu hakusemi lolote kuhusu ushahidi uliomtia hatiani kama ulitosha au haukutosha.

Maombi ya kuitaka Mahakama Kuu izuie au ifute mashtaka ni jambo tofauti. Hapo hakuna aliyehukumiwa bado. Ombi likifutwa kwa kukosa mtu wa kuliendesha, kesi inaendelea katika mahakama ya chini, na mshtakiwa bado ana nafasi ya kujitetea.

Mlalamikaji naye ana hatari yake. Chukua mfanyabiashara wa India aliyepewa hundi ikakataliwa na benki, akafungua mashtaka kwa hakimu. Chini ya kifungu cha 256 cha sheria ya mwenendo wa jinai ya mwaka 1973, alipokosa kufika siku iliyopangwa, hakimu alimwachia huru mshtakiwa, isipokuwa alipoona sababu ya kuahirisha au kuendelea bila yeye. Mwaka 1986 Mahakama ya Juu ilishaamua kwamba hakimu akiyafuta malalamiko kwa sababu ya kutofika, hana uwezo wa kuyarudisha. Kwa hiyo aliyechelewa kwa foleni ya barabarani alijikuta akiomba kibali cha kukata rufaa Mahakama Kuu. Mwaka 1997 Mahakama ya Juu iliwaonya mahakimu wajiulize kwanza kama mlalamikaji alihitajika kweli siku hiyo. Sheria mpya, iliyoanza kutumika Julai 1, 2024, imeongeza siku 30 za kumsubiri.

Kenya ilitumia sheria za jinai za India hadi mwaka 1930, ilipopata zake. Kifungu cha 202 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya huko kinafanana sana na hicho cha 256: mlalamikaji aliyejulishwa tarehe asipofika, mshtakiwa huachiwa huru, ila mahakama ikiona vyema kuahirisha. Tofauti iko kwenye mlalamikaji mwenyewe. Mahakama za Kenya zimeshikilia kuwa mlalamikaji ni Jamhuri, inayowakilishwa na mwendesha mashtaka. Aliyeibiwa au kupigwa ni shahidi tu. Anaweza kuwa ameketi ndani ya mahakama tangu asubuhi, na bado kesi ikaanguka kwa sababu mwendesha mashtaka hakufika.

Mwendesha mashtaka aliyefika lakini hana mashahidi mara nyingi huomba kuiondoa kesi chini ya kifungu cha 87(a) cha sheria hiyo ya Kenya. Mshtakiwa akiachiwa kwa njia hiyo kabla hajaitwa kujitetea, anaweza kukamatwa na kushtakiwa upya kwa kosa lile lile. Akiachiwa chini ya 202, hawezi.