Nywele Haziugui, Mbona Dawa?

Katika saluni zetu, msichana anyooshaye nywele husema 'anatia dawa'. Najua Kiswahili huita dawa hata kitu cha kung'arishia viatu, lakini hapa neno linapotosha: nywele za kipilipili haziugui. Zimejisokota tu, ndiyo maana mafuta ya asili ya kichwani hayateremki kwa urahisi hadi nchani, nazo hukauka na kukatika.

Zinachohitaji ni maji, kisha mafuta ya kuyazuia yasitoroke. Mafuta ya nazi, ambayo nyanya zetu wa pwani waliyatumia tangu jadi, yanafaa sana.

Hiyo 'dawa' nayo mara nyingi ni sodiamu haidroksaidi, kemikali ile ile izibuayo mabomba. Mwaka 2022 watafiti wa Marekani walitangaza kwamba wanawake waliotumia vinyoosha-nywele zaidi ya mara 4 kwa mwaka walipata saratani ya mji wa mimba zaidi ya maradufu kuliko wasiovitumia. Utafiti huo haukuthibitisha chanzo. Hata hivyo, mwenye binti shuleni hawezi kuupuuza.

Mwanafunzi aendaye dukani na asome nyuma ya chupa. Viungo huorodheshwa kuanzia kilicho kingi zaidi. Katika losheni, maji yakitangulia, itazilowesha nywele. Mafuta ya mgando yakitangulia, yatazifunika tu.