Deni la Vita Husafiri kwa Maji

Kinachokaa akilini katika filamu ya Dieudo Hamadi, En route pour le milliard (2020), ni turubai. Wahanga wa vita vya siku 6 vya Kisangani, Juni 2000, majeshi ya Uganda na Rwanda yalipopigana ndani ya mji usio wao, wamepanda tishari lililosheheni watu na mizigo, wakishuka Mto Kongo takriban kilomita 1,700 hadi Kinshasa kudai fidia. Mvua inapiga, upepo unalivuta turubai, na wenye magongo na miguu ya bandia wanabanana chini yake huku maji yakipenya. Wanapika, wanabishana, wanataniana. Hamadi, mwenyewe mzaliwa wa Kisangani, hana haraka ya kuwatoa hapo. Wakati mwingine anaikatiza safari na kuwapandisha jukwaani waigize yaliyowapata, ili jeraha lisimuliwe na mwenye jeraha. Uamuzi huo ndio hoja yake: aliyepoteza mguu si ombaomba wa huruma, ni mdai aliye njiani.

Kigoma inaijua safari ya namna hiyo. Mei 2015 maelfu ya wakimbizi wa Kirundi walirundikana Kagunga, ufukwe mwembamba uliobanwa na milima. Kipindupindu kikaingia, na MV Liemba, meli ya abiria kama 600, ikawasomba awamu kwa awamu hadi mjini, wakapitia Uwanja wa Lake Tanganyika kabla ya kupelekwa kambi ya Nyarugusu, Kasulu. Meli yenyewe ina historia ya vita: Wajerumani waliizamisha 1916, Waingereza wakaiopoa 1924, ikarudi kazini 1927. Lakini picha nyingi za Kagunga zilizosambaa zilikuwa za umati ufukweni. Umati hauna jina wala hauna dai. Unahesabiwa, unapewa uji, habari inafungwa.

Atakuwepo wa kusema kwamba bila kuonyeshwa damu walimwengu hawashtuki. Kushtuka ni kweli, lakini hakudumu; anayemtazama mtu akingoja mvua ikatike anaanza kuuliza nani anadaiwa. Mwingine atasema filamu hailipi fidia, naye ana haki. Ni Mahakama ya Kimataifa ya Haki, wala si kamera, iliyoamuru Februari 2022 Uganda iilipe Kongo dola milioni 325, na kati ya hizo milioni 225 ni za madhara kwa watu. Hata hivyo, tarakimu inakwenda kwa serikali, na serikali haina mguu uliokatwa. Filamu inabaki kuwa daftari la wadai, fedha ziwafikie au zisiwafikie.

Hapo ndipo mwambao wetu wa Kigoma unapobaki na swali gumu kuliko la Kisangani. Wale walikuwa na mji mkuu wa kuuendea na bunge la kwenda kulipigia kelele. Aliyeshushwa na Liemba, akaishi kambini Kasulu kwa hifadhi ya nchi isiyo yake, abishe mlango wa nani? Na atakayemfuata na kamera, atamwambia safari yao inaelekea wapi?