Mkuu wa Kijiji na Mwene wa Nchi

Katika Ufipa ya karne ya 19, kusini-magharibi mwa Tanzania ya leo, mkuu wa kijiji hakurithi cheo kwa baba yake wala hakuletwa na mfalme. Wanakijiji walikaa wakamchagua, dola ikamthibitisha, na akiwachosha walimwondoa. Pamoja naye alikuwapo mama mmoja aliyechaguliwa na wanawake wenzake, kazi yake kusimamia ndimi za watu: mwenye matusi na maneno machafu aliitwa, akasikilizwa, akatozwa faini. Habari hizi tunazo kwa kirefu kutoka kwa Roy Willis, mwanaanthropolojia aliyefanya utafiti Ufipa miaka ya 1960 na kuandika A State in the Making, kitabu kilichotoka mwaka 1981.

Juu ya vijiji hivyo zilikaa dola mbili, Nkansi kaskazini na Lyangalile kusini, zote chini ya ukoo wa Watwa. Hao hakuna aliyewachagua. Kwa hiyo Mfipa wa kawaida alikuwa na wakubwa wawili: mkuu wa kijiji aliyemweka mwenyewe, na mwene wa nchi, yaani mfalme, aliyemkuta. Wa kwanza aliweza kumkemea hadharani. Wa pili alimpelekea kodi.

Wasimulizi wa Ufipa hawakuona haya kueleza mkubwa wa pili alitoka wapi. Zamani, wanasema, nchi yote ilikuwa ya mwene wa Milansi, kijiji kilicho chini ya mlima Itweleele, na mwene wa kwanza, Ntatakwa, alishuka kutoka mbinguni. Siku moja mwene akiwa mawindoni wakatokea wanawake watatu wageni. Alikuwa amemwonya mkewe kwamba wageni wakija asiwape kiti chake. Mke, ama kwa hofu ama kwa adabu ya kupokea wageni, akawapa. Mwene aliporudi alikuta kiti kina mwenyewe. Hawakupigana. Walipatana: wageni wakachukua utawala wa nchi, Milansi ikabaki na mambo ya ibada, na mwene wa Kitwa hakuweza kusimikwa bila mkono wa mkuu wa Milansi.

Mimi huisoma simulizi hii kama mkataba kuliko kama historia. Haisemi Watwa walifika mwaka gani. Inasema utawala wao haukuzaliwa hapa, kwamba wenyeji waliukubali kwa masharti, na kwamba sharti mojawapo ni kuomba baraka kwa yule waliyemnyang'anya kiti. Mtawala anayelazimika kurudi kwa mtawaliwa wake kila anapoapishwa ana kamba shingoni, hata kama ni ndefu.

Sasa tuvuke bahari. Athens, mji wa Ugiriki ambao watu wote huutaja demokrasia inapotajwa, ulikuwa na sura mbili vilevile, ila zimegeuzwa. Huko wanakijiji wenyewe ndio waliogeuka kuwa mwene wa nchi za wenzao.

Ndani ya mji, utawala wa wananchi ulikuwa wa kweli kuliko wetu wa leo. Baada ya mageuzi ya Cleisthenes mwaka 508 KK, baraza la watu 500 lilipangwa kwa kura ya bahati nasibu, hivyo mfinyanzi na mkulima walikaa humo kwa zamu. Mkutano wa wananchi ulifanyika kwenye kilima cha Pnyx, na maamuzi mengine yalihitaji watu 6,000. Vita, amani, kodi, ujenzi wa meli, yote yalipigiwa kura ya mikono na watu waliokuwa wakienda vitani wenyewe. Wanawake hawakuwamo. Watumwa hawakuwamo. Wageni wakaazi hawakuwamo, hata aliyezaliwa mjini na kulipa kodi maisha yake yote, na mwaka 451 KK kiongozi wao Pericles alibana zaidi kwa sheria iliyotaka raia awe na baba na mama wote wa Athens.

Nje ya mji, mambo yalikwenda hivi. Mwaka 478 KK miji mingi ya visiwani na pwani iliungana na Athens dhidi ya Uajemi. Kila mji ulitoa meli au fedha, na hazina ikawekwa Delos, kisiwa kitakatifu. Miji mingi iliona fedha ni nafuu kuliko kupeleka vijana wake baharini. Hapo ndipo walipojifunga. Meli zikawa za Athens, mabaharia wa Athens, ujuzi wa vita wa Athens, na mji uliotaka kujitoa haukuwa na cha kujitetea nacho. Naxos walijaribu wakazingirwa. Thasos walijaribu wakabomolewa kuta. Mwaka 454 KK hazina ilihamishiwa Athens.

Hesabu yenyewe inafaa kuangaliwa kwa karibu. Meli moja ya kivita ilibeba watu wapatao 200. Mpiga makasia akilipwa drakma moja kwa siku, meli moja kwa mwezi hula drakma 6,000, ambazo ni talanta moja kamili. Thucydides, mwanahistoria aliyekuwa jenerali katika vita vya Athens dhidi ya Sparta, anasema mwaka 431 KK washirika walilipa kama talanta 600 kwa mwaka. Hizo zinatosha kuweka meli 100 baharini miezi sita. Wapiga makasia walikuwa hasa watu maskini wa Athens, walewale waliojaza mkutano wa Pnyx. Kwa hiyo mtu aliyenyoosha mkono kupigia kura ukubwa wa ushuru wa washirika alikuwa akipigia kura mshahara wake mwenyewe. Sishangai kwamba mkono ulinyooka.

Mwaka 428 KK mji wa Mytilene, katika kisiwa cha Lesbos, uliasi. Uliposalimu amri mwaka uliofuata, mkutano wa Athens, kwa hasira, ulipitisha kwamba wanaume wote wauawe na wanawake na watoto wauzwe utumwani. Meli ikaondoka na amri. Kesho yake watu waliamka na moyo mzito, mkutano ukaitishwa upya. Mwanasiasa Cleon akawaambia waziwazi kwamba demokrasia haifai kutawala wengine kwa sababu ina huruma na inabadilisha mawazo. Mwenzake Diodotus akampinga, si kwa kutetea haki, bali kwa hoja kwamba mauaji hayana faida. Kura zilikaribiana sana. Upande wa Diodotus ukapita, meli ya pili ikatumwa, na wapiga makasia wake wakala wakiwa kazini na kulala kwa zamu hadi wakafika kabla panga hazijatolewa. Watu wengi husimulia hadi hapo na kupongeza. Lakini waliotajwa kuwa vinara wa uasi waliuawa, kuta zikabomolewa, na ardhi ya kisiwa, isipokuwa ya mji mmoja uliobaki mtiifu, ikakatwa vipande 3,000. Vipande 300 vikatengwa kwa miungu, 2,700 vikapewa raia wa Athens waliopatikana kwa bahati nasibu. Wenyeji waliendelea kulima palepale, sasa kama wapangaji, wakilipa kodi kila mwaka.

Jambo lililo karibu zaidi na Ufipa, kwa maoni yangu, ni la mji mdogo wa Erythrai, mmoja wa washirika hao. Athens haikulifuta baraza la Erythrai. Ililianzisha! Amri iliyochongwa kwenye jiwe iliagiza mji huo uwe na baraza la watu 120 wa kupatikana kwa bahati nasibu, tena wasimamizi wa Athens wakiwapo kuliweka, na kila mjumbe aape kuwa mwaminifu kwa watu wa Erythrai na kwa watu wa Athens pia. Watu wa Erythrai walikuwa na demokrasia, na kiapo ndicho kilichokuwa mpaka wake. Wangeweza kujadili kila kitu isipokuwa lile moja la kujitoa.

Dola yenye akili haivunji mkutano wa kijiji. Huuacha uendelee na visima, ugomvi wa mipaka na matusi, na hilo huipunguzia dola kazi. Inachofanya ni kuondoa mezani mambo matatu au manne makubwa: kodi kiasi gani, vita na nani, ardhi ya nani. Watwa walilielewa hilo. Msafiri Joseph Thomson alipopita Ufipa mwaka 1880, enzi za mwene Kapufi wa Nkansi, aliwakuta watu waliojishughulisha na kilimo kuliko wote aliowahi kuona, wasiopenda vita. Walifua chuma katika tanuru ndefu za malungu, walifuma vitambaa vya pamba, walilima matuta ya ntumba yanayofukia majani yawe mbolea. Amani ile ilikuwa ya kweli, na kujitawala kwa vijiji kulikuwa sehemu yake. Ila ilikuwa na mwenyewe. Mambo yalipoharibika juu, kijiji hakikuwa na la kufanya, na bonde la Rukwa lililijua hilo kabla ya uwanda wa juu: mporaji mmoja, Kimaraunga, na bunduki zake aliweka ngome bondeni na kuitesa Lyangalile, na hakuondolewa na mwene yeyote bali na Mjerumani Hermann von Wissmann, mwaka 1893. Aliyekuja kuokoa akabaki kutawala.

Wajerumani ndio waliomgeuza mkuu wa kijiji uso. Kodi ya nyumba ilipoanza mwaka 1898, rupia tatu kwa nyumba ya shamba, mkuu wa kijiji akawa mtu wa kuhesabu nyumba za jirani zake. Waingereza waliendeleza kwa lugha tamu zaidi: sheria yao ya mwaka 1926 iliwapa machifu mamlaka ya wenyeji, na chifu akajibu kwa ofisa wa wilaya. Mkuu wa kijiji, ambaye zamani wanakijiji waliweza kumwondoa akiwachosha, sasa aliyeweza kumwondoa alikuwa mzungu tu.

Mwaka 1963 Tanganyika ilifuta uchifu kisheria. Ikaja operesheni vijiji, ikaja sheria ya vijiji ya mwaka 1975, na mwaka 1982 sheria ya serikali za mitaa ambayo, pamoja na marekebisho yake, ndiyo inayoendesha kijiji hadi leo. Muze, ukishuka mteremko wa Lyamba lya Mfipa kwa barabara ya Ntendo hadi kwenye mpunga na ufuta wa bondeni, ni sawa na kijiji chochote cha Tanzania kwa hilo. Mkutano mkuu wa kijiji ni wa kila mkaazi mwenye miaka 18 na zaidi, mwanamume kwa mwanamke, na hapo tumewaacha Athens mbali sana. Mwenyekiti huchaguliwa kwa miaka mitano. Kando yake anakaa mtendaji wa kijiji, ambaye ni mwajiriwa wa halmashauri ya wilaya. Mwenyekiti anaendesha mkutano, mtendaji anaandika muhtasari. Ukitaka kujua nguvu iko wapi, usiangalie anayezungumza sana. Angalia barua ya kutakiwa kujieleza kwa nini lengo la michango halikufikiwa imeandikwa kwa nani.

Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 imeuchora mpaka huo kwa namba. Serikali ikitaka kuhamisha ardhi ya kijiji iwe ardhi ya jumla kwa manufaa ya umma, na eneo halizidi hekta 250, mkutano wa kijiji unaweza kukubali au kukataa. Eneo likizidi hapo, mkutano hutoa mapendekezo na Waziri ndiye anayeamua. Hekta 250 ni zaidi kidogo ya ekari 600. Chini ya hapo wanakijiji wa Muze wanaamua. Juu ya hapo wanashauri. Sisemi sheria hii ni ya Athens kwa Lesbos: Waziri anatokana na Bunge ambalo Muze nayo hupigia kura, na Lesbos haikuwa na mtu Pnyx. Lakini inashangaza kwamba kadiri ardhi inavyokuwa kubwa ndivyo sauti ya anayeilima inavyopungua. Mtu angetegemea kinyume chake.

Na kijiji chenyewe kinaweza kuwa Athens ndogo. Tangu miaka ya 1980 wafugaji wengi wa Kisukuma wamehamia bonde la Rukwa na mifugo yao. Kisheria, aliyekwisha kuwa mkaazi ana mkono mmoja wa kunyoosha kama Mfipa aliyezaliwa hapo. Kiidadi, katika mkutano wa wakulima, mkono huo hauzuii mpango wa matumizi ya ardhi usioacha njia ya ng'ombe kwenda kunywa maji. Kura itakuwa halali, muhtasari utapigwa muhuri, na aliyeshindwa ataswaga mifugo yake usiku. Hapo Diodotus angesema usitazame nani ana haki, tazama kitakachotokea mwezi wa nane malisho yakiisha.

Athens ilishindwa vita mwaka 404 KK, ikapoteza meli, ushuru na washirika. Wengi wangedhani demokrasia yake ingekufa pamoja na himaya iliyoilisha. Ilipinduliwa kwa miezi michache tu, ikarudi mwaka 403 KK, ikadumu miaka mingine 80 bila kodi ya Lesbos wala ushuru wa Erythrai. Na ni katika miaka hiyo ya umaskini ndipo mji ulipoanza kumlipa mwananchi posho ya kuhudhuria mkutano, kwa sababu watu walikuwa wameacha kuja. Watendaji wanaohangaika kupata akidi wataelewa. Ila Athens ililipa posho kwa mkutano uliokuwa na mamlaka ya kuamua bajeti yote ya mji. Kijiji ambacho watu wake hupigiwa mbiu ya mgambo waje kusomewa mapato na matumizi yaliyokwisha kupangwa kwingine kitalipa posho hadi kichoke, na watu wataendelea kwenda kupalilia mpunga.