Fahamu: Kwa nini darasa zima huitikia "ndiyo" hata pasipoeleweka kitu

"Tumeelewana?" Darasa zima hupaza sauti: "Ndiyo, mwalimu!" Wanaojua na wasiojua huitikia pamoja, na mwalimu hana namna ya kuwatofautisha.

Mwaka 1975, wanaisimu John Sinclair na Malcolm Coulthard wa Birmingham, Uingereza, walionyesha kuwa mazungumzo ya darasani kwa kawaida hupita hatua tatu: mwalimu huuliza, mwanafunzi hujibu, mwalimu huthibitisha au kusahihisha. Mwanafunzi hubanwa katikati, mara nyingi kwa neno moja tu.

Tanzania kuna kizingiti kingine. Mtoto aliyesoma shule ya msingi ya serikali kwa Kiswahili, akifika kidato cha kwanza hufundishwa kwa Kiingereza. Aliyekuwa akibishana na wenzake juu ya jinsi mvua inavyotokea sasa anainamia daftari, kwa sababu lugha aliyozoea kufikiria nayo imewekwa nje ya mlango. Walimu wengi huliona hilo na kurudi kwenye Kiswahili kufafanua. Wanafanya la busara kabisa, ingawa mtihani utakuja kwa Kiingereza.

Lipo jambo lisilohitaji bajeti: kusubiri. Katika miaka ya 1970, mtafiti Mmarekani Mary Budd Rowe aligundua kuwa walimu walingoja jibu kwa takriban sekunde 1 tu. Walipongoja sekunde 3 au zaidi, majibu yalirefuka na waliokuwa kimya wakaanza kusema. Darasa likifurika, wanafunzi wajadiliane kwanza wawili wawili, hata kwa Kiswahili, ndipo mmoja aitwe kwa jina.