KUZUIA MSAMAHA: MAANA YAKE NA MATUMIZI YAKE KATIKA SHERIA

Kila inapokaribia tarehe 12 Januari, siku ya kuadhimisha Mapinduzi, ni kawaida kwa wananchi kusubiri taarifa ya msamaha wa Rais kwa wanafunzi wanaotumikia adhabu katika Vyuo vya Mafunzo. Taarifa inapotoka, baadhi ya jamaa hushangiria na wengine hurudi nyumbani kimya, kwa kuwa jina walilolisubiri halimo. Wapo wanaosema kwamba jamaa yao "amehukumiwa mara ya pili". Kwa upande mwengine, wapo watu waliodhulumiwa ambao, wakisikia kuwa aliyewadhulumu amesamehewa, hudhani nao sasa wamelazimishwa kusamehe. Fikra zote mbili si sahihi. Makala haya yanakusudia kufafanua nini maana ya kuzuia msamaha, nani mwenye uwezo wa kuuzuia, na ni wapi neno hilo hutumika pasipostahiki.

ASILI YA MANENO

Kiswahili kina maneno kadhaa yenye kukaribiana katika jambo hili, na mengi yametokana na Kiarabu. Kusamehe ni kuachilia kosa au deni kwa ukarimu. Afu, kwa asili yake, ina maana ya kufuta athari ya jambo, kama upepo unavyofuta nyayo mchangani. Ghofira asili yake ni kufunika, na kwa hivyo hutumika zaidi katika dua, mja anapomuomba Mola wake amsitiri na dhambi zake. Radhi ni kuridhika kwa moyo. Mzazi hutoa radhi au huizuia, na mwenye kuikosa huhesabiwa kuwa amepata hasara kubwa. Kuburai ni kumvua mtu dhima, kama vile mdai anapomwambia mdaiwa wake kwamba hamdai tena, au mke anapomwachia mume mahari aliyokuwa bado kulipwa.

Tofauti hizi si za lugha tu. Kila neno linamtaja mwenye haki wake. Ghofira ni ya Mwenyezi Mungu, radhi ni ya mzazi na ya aliyekosewa, kuburai ni kwa mwenye deni lake. Kutokana na hayo hupatikana kanuni ambayo sheria pia inaifuata: asiyemiliki haki hana uwezo wa kuisamehe, na mwenye kuimiliki hawezi kulazimishwa kuisamehe. Anayeikumbuka kanuni hii hatopotea katika mengi yanayofuata.

MSAMAHA WA RAIS

Mtu anapopatikana na hatia ya jinai, anayemdai ni umma mzima kwa jina la Serikali. Kwa sababu hiyo uwezo wa kusamehe adhabu umewekwa mikononi mwa Mkuu wa Nchi. Ibara ya 45 ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya mwaka 1977 inampa Rais wa Muungano uwezo wa aina nne: kumsamehe aliyetiwa hatiani, kwa masharti au bila ya masharti, kuahirisha utekelezaji wa adhabu, kubadilisha adhabu iwe nyepesi zaidi, na kufuta adhabu yote au sehemu yake. Ibara hiyo inawafikia pia waliohukumiwa Zanzibar kwa sheria zilizotungwa na Bunge ambazo zinatumika Zanzibar. Rais wa Zanzibar naye amepewa uwezo wa kusamehe na Katiba ya Zanzibar ya mwaka 1984. Kwa hivyo jambo la kwanza kwa mwenye kuandika ombi ni kujua jamaa yake alihukumiwa kwa sheria ipi, ili ombi lipelekwe panapohusika.

Uwezo huo unaweza kuwagusa watu wengi kwa siku moja. Tarehe 9 Disemba 2017, katika maadhimisho ya Uhuru wa Tanzania Bara yaliyofanyika Dodoma, Rais John Pombe Magufuli alitangaza msamaha uliowahusu wafungwa 8,157. Baadhi yao waliachiwa huru na wengine walipunguziwa muda wa kifungo.

Inafaa ieleweke kwamba msamaha wa aina hii si haki ya kudai. Hapa ndipo unapotofautiana na rufaa. Mwenye kukata rufaa anasema kwamba hukumu imekosewa, na Mahkama inawajibika kumsikiliza na kumpa jawabu kwa sababu. Mwenye kuomba msamaha hasemi kwamba hukumu imekosewa. Anaomba huruma juu ya hukumu iliyo halali. Ombi lisipokubaliwa, hakuna adhabu mpya iliyotolewa wala kosa jipya lililoongezwa. Hukumu ya Mahkama inabaki kama ilivyokuwa jana yake. Kadhalika, mtu anayeamini kwamba hakutenda kosa asiiache rufaa yake kwa kutegemea msamaha, kwani milango hiyo ni miwili na kila mmoja una ufunguo wake.

Katika matangazo ya msamaha wa jumla, kuzuia msamaha huandikwa kwa maneno machache: "Msamaha huu hautawahusu". Baada ya maneno hayo hufuata orodha ya makosa yaliyotengwa. Maneno hayo yasifasiriwe kuwa aliyetajwa hatosamehewa kamwe. Maana yake ni kwamba tangazo lile, kwa siku ile, halikumfikia.

LUGHA YA BARUA ZA OFISI

Kitenzi "kunyima" kimezoeleka katika mazungumzo, lakini hakifai katika barua ya Serikali. Kunyima kuna harufu ya ubakhili, na anayeambiwa kuwa amenyimwa huelewa kwamba kulikuwa na kitu chake kilichozuiliwa kwa choyo. Vivyo hivyo, haifai kuandika kwamba mtu "hasameheki". Neno hilo linamhukumu mtu mwenyewe na mwisho wake, jambo ambalo halimo katika uwezo wa ofisi yoyote. Ibara iliyo sahihi na yenye heshima ni hii: "Ombi halikukubaliwa, hukumu ya Mahkama inaendelea kutekelezwa." Barua inayosomwa na mama mzee mbele ya wajukuu wake isimuongezee machungu ambayo sheria haikuyakusudia.

HAKI YA MTU BINAFSI

Msamaha wa Rais unahusu adhabu. Haufuti haki ya mtu mwengine. Ichukuliwe mfano wa mtu aliyefungwa kwa kuchoma moto duka la jirani yake. Akisamehewa kifungo atatoka, lakini jirani bado anaweza kumdai fidia ya mali yake kwa njia ya madai. Jirani huyo akikataa kusamehe hasara yake hajavunja amri ya Serikali wala hajapingana na Rais. Serikali imesamehe kilicho chake, naye anashikilia kilicho chake.

Kadhalika katika mambo ya ndoa na mirathi yanayosikilizwa na Mahkama ya Kadhi, ambayo hivi sasa inaongozwa na Sheria Namba 9 ya mwaka 2017. Mke anayedai mahari yake, au mrithi anayedai fungu lake, anaweza kuachilia kwa hiari yake. Asiponena kuwa ameachilia, haki yake inabaki. Kunyamaza kwa kuona haya mbele ya wazee siko kuachilia. Wenye kusimamia vikao vya familia wanahimizwa kumuuliza mwenye haki kwa kauli iliyo wazi, na kumpa muda wa kufikiri kabla ya kujibu.

Kwa upande wa mali ya umma, kanuni ni ile ile. Mkuu wa ofisi hana uwezo wa kumsamehe mtumishi fedha za Serikali zilizopotea, hata akimuonea huruma, kwa sababu fedha hizo si zake. Anachoweza ni kufuata utaratibu wa sheria na kupeleka maelezo kwa wenye mamlaka. Akizuia msamaha hapo hajafanya ukatili, ametunza amana.

MUHALI NA MAKOSA YA JINAI

Jambo linalohitaji uangalifu mkubwa kuliko yote ni suluhu za majumbani katika makosa makubwa, hasa udhalilishaji wa watoto na ubakaji. Mara nyingi mkosaji ni jamaa au jirani. Wazee hukutana, fedha hutolewa, na mzazi wa mtoto huambiwa asamehe ili undugu usivunjike. Akisita, huitwa mwenye moyo mgumu. Muhali ukishashika, shahidi haonekani mahkamani na kesi hufa.

Sheria haiutambui msamaha wa namna hiyo. Kosa la jinai ni dai la Serikali, na mwenye mamlaka ya kuyaondoa mashtaka mahkamani ni Mkurugenzi wa Mashtaka. Si baba wa mtoto, si sheha, si mkuu wa kituo cha polisi. Isitoshe, aliyedhulumiwa hapa ni mtoto, na hakuna aliyemuuliza. Wanaomsamehe mkosaji kwa niaba yake wanatoa kitu kisichokuwa chao. Ugomvi mdogo baina ya majirani unaweza kumalizwa kwa suluhu mbele ya Mahkama, na hilo ni jambo jema, lakini ubakaji si ugomvi.

Wapo wanaotoa hoja kwamba dini inampa mwenye damu haki ya kusamehe. Ni kweli kwamba katika hukumu ya kisasi ya Kiislamu, warithi wa aliyeuawa hupewa hiari ya kudai kisasi, kupokea diya au kusamehe. Zipo nchi ambazo sheria zake za jinai zinafuata utaratibu huo. Mwezi wa Aprili 2014, katika mji wa Noshahr nchini Iran, kijana aliyehukumiwa kunyongwa alikwishatiwa kitanzi shingoni. Mama wa marehemu akampiga kofi moja, kisha yeye na mumewe wakamvua kitanzi. Hapo kuzuia au kutoa msamaha kulikuwa ni kitendo cha kisheria hasa, na uhai wa mtu ulitegemea kauli yao.

Lakini hoja hiyo haimsaidii anayetaka kuficha jinai Unguja au Pemba. Kwanza, Mahkama ya Kadhi Zanzibar haina mamlaka ya kusikiliza jinai. Makosa hayo yanasimamiwa na Sheria ya Adhabu Namba 6 ya mwaka 2018. Pili, haki ya kisasi ni ya warithi wa aliyeuawa, wala haimpi mtu idhini ya kuuza heshima ya mtoto aliye hai. Tatu, hata nchi zinazoufuata utaratibu huo zimeona hatari yake. Nchini Pakistan ilidhihirika kwamba watu walikuwa wakiwaua mabinti au dada zao kwa kisingizio cha heshima ya ukoo, kisha kusamehewa na jamaa wale wale wa nyumba moja. Oktoba 2016 Bunge la nchi hiyo likapitisha sheria kwamba katika mauaji ya aina hiyo, hata warithi wakisamehe, kifungo cha maisha kitabaki.

MFANO WA AFRIKA KUSINI

Huenda mfano ulio wazi zaidi wa msamaha kuzuiwa kwa vipimo vya sheria ni ule wa Afrika Kusini. Kwa sheria ya mwaka 1995 iliundwa Tume ya Ukweli na Maridhiano, ambayo ndani yake ilikuwemo kamati ya kusikiliza maombi ya msamaha kwa makosa ya kisiasa ya enzi ya ubaguzi. Maombi yaliyopokelewa yalizidi 7,000, na yaliyokataliwa yalizidi 5,000. Masharti makubwa yalikuwa mawili: kitendo kiwe kimefungamana na lengo la kisiasa, na mwombaji aseme ukweli wote. Mwaka 1999 kamati iliyakataa maombi ya askari wa polisi waliohusika na kifo cha Steve Biko, aliyefariki akiwa kizuizini Septemba 1977, kwa kuwa haikuridhika kwamba masharti hayo yalitimizwa.

La kuzingatiwa ni kwamba sheria ile haikumtaka mwombaji aonyeshe majuto wala aombe radhi. Wala haikuwataka wafiwa wasamehe. Ilipima ukweli na lengo, na mambo ya moyo iliwaachia wenyewe. Hata hivyo, msamaha ule ulifuta pia haki ya kudai fidia mahkamani, na familia ya Biko ilikuwa miongoni mwa walioupinga mbele ya Mahkama ya Katiba mwaka 1996, lakini hawakufanikiwa. Hivyo basi, pale sheria inapotaka msamaha uguse haki ya mtu binafsi, hulazimika kutamka hivyo waziwazi. Isipotamka, haki hiyo inabaki.

MUHTASARI

Watumishi wanaoandika barua na wakaazi wanaozipokea wanaombwa, kabla ya kutumia neno msamaha, kuuliza swali moja: haki hii ni ya nani? Ikiwa ni adhabu ya jinai, mwenye kauli ni Rais kwa mujibu wa Katiba. Ikiwa ni kesi inayoendelea, mwenye kauli ni Mkurugenzi wa Mashtaka na Mahkama. Ikiwa ni deni, mahari, urithi au fidia, mwenye kauli ni mwenye haki mwenyewe, na asishurutishwe.

Aliyedhulumiwa akasema kwamba bado hajasamehe asionekane kuwa mtu mbaya. Kusamehe ni fadhila, na fadhila haitolewi kwa amri. Naye ambaye ombi lake halikukubaliwa asikate tamaa wala asijihesabu kuwa ametupwa. Hukumu yake ina kipimo, na kipimo hicho hakikuongezwa.

Mwenye kujua kwamba mtoto amedhalilishwa na jambo linataka kumalizwa nyumbani anatakiwa atoe taarifa kituo cha polisi au kwa sheha wa Shehia yake bila ya kuchelewa. Hapo hakuna wa kusamehe kwa niaba ya mtoto.