Wanaolala Banalia

Ukitoka Kisangani kuelekea Buta kwa barabara ya taifa namba 4, baada ya kilomita kama 130 unafika ukingoni mwa mto Aruwimi. Hapo ndipo ilipo Banalia, makao makuu ya teritware yenye jina hilohilo katika jimbo la Tshopo. Magari huvuka kwa kivuko, na kila chombo kinachokwenda kaskazini au kurudi mjini lazima kingoje zamu yake. Kivuko kikiharibika, au mafuta ya injini yake yakikosekana, saa za kungoja zinakuwa siku. Dereva, tandiboi wake, mama mwenye magunia ya mpunga na mwalimu anayefuata mshahara Kisangani wote wanahitaji mahali pa kulala. Sekta ya hoteli katika mji huu imejengwa juu ya watu hao.

Vitabu vingi vya utalii wa Kongo vingeanzia kwenye sokwe wa milimani, volkano ya Nyiragongo au maporomoko ya Boyoma, halafu vingesikitika kwamba hazina hizo hazina watembeleaji. Nimeanzia Banalia kwa sababu naamini njia hiyo ndiyo iliyotupotosha kwa muda mrefu. Nchi imehesabu vivutio vyake mara nyingi mno, na imewahesabu wasafiri wake mara chache mno. Hoteli hujengwa pale msafiri anapopita na kulala. Maporomoko ya maji hayawezi kuijaza hata yakiwa mazuri kiasi gani, kama hakuna barabara ya kufikia, usalama wa kutosha, na mtu wa kumpikia mgeni.

Tuangalie kwanza biashara yenyewe inavyofanya kazi, maana watu wengi huidhania rahisi. Anayeuza mchele akikosa mnunuzi leo, mchele wake atauuza kesho. Mwenye chumba hana bahati hiyo: usiku wa leo ukipita kitanda kikiwa kitupu, fedha ya usiku huo imepotea moja kwa moja. Gharama nazo hazilali. Tuchukue mfano wa kubuni wa nyumba ya vyumba 10, kila chumba dola 10 kwa usiku. Mlinzi, wafanyakazi wawili, mafuta ya jenereta, sabuni, kodi na matengenezo vikifika dola 900 kwa mwezi, mwenye nyumba lazima auze nafasi 90 kati ya 300 za mwezi huo kabla hajaona faida hata ya dola moja. Nafasi ya 91 ndiyo inayoanza kumlisha. Sasa fikiria barabara imekatika kwa mvua wiki mbili, na mapato yameshuka wakati mlinzi na kodi wako palepale. Ndiyo maana nyumba nyingi za aina hii hubaki ndogo, na mwenye nyumba huishi humohumo na familia yake, akiuza pia vinywaji na chakula ili siku ngumu zisimwangushe.

Gharama ya umeme inastahili kusemwa peke yake. Kisangani ina bwawa la umeme juu ya mto Tshopo, lililojengwa wakati wa Wabelgiji, na hata hivyo mji umezoea giza mashine zinapozeeka. Nje ya mji, kila nyumba inajitegemea. Friji, taa, pampu ya maji na chaji ya simu ya mgeni vyote hutegemea jenereta au paneli za jua. Mafuta yanayowasha jenereta yamesafiri umbali mrefu kwa mto au kwa barabara, na kila kilomita imeongeza bei. Mgeni anayeshangaa kwa nini chumba cha kawaida Kongo kinaweza kumgharimu kuliko chumba bora zaidi Arusha au Kampala, jibu lake kubwa liko hapo. Nyongeza ni wingi wa ofisi zinazofika mlangoni kudai ushuru, kila moja na karatasi yake.

Lakini nyumba ya Banalia ina faida moja ambayo hoteli kubwa za Kinshasa hazina. Wanauchumi wa utalii hupima ni kiasi gani cha fedha ya mgeni hubaki mahali alipolala, na ni kiasi gani huvuja kwenda kununua bidhaa za nje. Hoteli ya kifahari huagiza nyama, mvinyo, mashuka, hata meneja. Mgeni wa Banalia hula lituma ya ndizi, sombe iliyotiwa mawese ya hapo, na samaki wa Aruwimi aliyefungwa kwenye majani. Fedha yake inapita kwa mvuvi, kwa mama wa soko, kwa mchoma mkaa, kwa kijana wa pikipiki, na sehemu kubwa inazunguka humo humo kabla ya kuondoka. Wahenga waliposema mgeni njoo, mwenyeji apone, walikuwa wanaeleza uchumi huu.

Historia ya mji inaonyesha pia upande wa pili, mgeni anapofika mahali pasipoweza kumlisha. Mwaka 1887 Henry Morton Stanley alianza safari ya kwenda kumwokoa Emin Pasha, gavana wa Equatoria, akiwa na Wazanzibari zaidi ya 600 alioajiri Unguja. Aliwaacha wengine nyuma Yambuya, chini ya Banalia kwenye mto huohuo, waongozwe na Meja Edmund Barttelot hadi wapagazi walioahidiwa na Hamed bin Muhammed el Murjebi, yaani Tippu Tip, watakapofika. Tippu Tip wakati huo alikuwa ameteuliwa kuwa gavana wa Stanley Falls, mahali panapoitwa leo Kisangani. Wapagazi walichelewa kwa miezi, na kambini watu walikufa kwa njaa, kwa maradhi, na kwa mihogo isiyoandaliwa sawasawa. Msafara ulipofika Banalia, Barttelot alipigwa risasi akafa, tarehe 19 Julai 1888. Stanley aliporudi kutoka msituni tarehe 17 Agosti alikuta mabaki tu ya kikosi. Wazungu waliandika vitabu vingi kuhusu nani wa kulaumiwa kati yao. Waliokufa kwa wingi ni watu wa pwani ya mashariki, na wenyeji wa mtoni waliopokonywa chakula chao, nao hawana hata jiwe la kumbukumbu linaloweza kumsimamisha msafiri. Kama Banalia itawahi kuwa na mahali pa kihistoria pa kutembelea, ningependa paanze na majina ya hao.

Hoteli za kweli zilikuja na meli na ndege. Stanleyville ya Wabelgiji, yaani Kisangani, ilikuwa kituo cha mwisho cha meli kutoka Léopoldville, yaani Kinshasa, kilomita zaidi ya 1,700 za mto, na mwanzo wa reli ya Ponthierville, ambayo sasa ni Ubundu. Abiria wa meli alilazimika kulala, abiria wa reli vilevile, na shirika la ndege la Sabena likaweka nyumba yake ya wageni. Mwaka 1951 John Huston alileta Humphrey Bogart na Katharine Hepburn kupiga filamu ya The African Queen, na sehemu ya kazi ilifanyika kwenye mto Ruiki, kusini mwa mji. Mashua iliyotumika kwenye filamu hiyo leo iko Key Largo, Florida, na watalii hulipa ili kupanda na kuzungushwa. Huko Ruiki hakuna kinachouzwa kwa mgeni. Watu wa Florida wanapata riziki kwenye hadithi ambayo picha zake zilipigwa kwetu, kwa sababu wao wana barabara, bima, na gati.

Jina la hoteli linaweza pia kubeba msiba. Mwaka 1964, wakati wa uasi wa kundi la Simba dhidi ya serikali, mateka wa kizungu walifungiwa katika hoteli ya Victoria mjini Stanleyville. Asubuhi ya tarehe 24 Novemba askari wa miamvuli wa Ubelgiji waliposhuka kutoka ndege za Marekani, mateka walitolewa barabarani na wengine wakapigwa risasi. Wakongo waliouawa miezi hiyo, kabla na baada, ni maelfu, na hesabu yao haikuwahi kuenea duniani kama ile ya wageni. Kuanzia hapo jina la mji huu katika magazeti ya nje likawa jina la hatari, na sifa ya namna hiyo huchukua vizazi kufutika.

Pamoja na hayo, wageni walirudi. Pigo lililofuata halikutoka vitani. Tarehe 30 Novemba 1973 Mobutu alitangaza uzairishaji, na maduka, mashamba na hoteli za wageni, wakiwemo Wagiriki waliokuwa wengi Kisangani, vikagawiwa kwa watu wengi wasiojua kuviendesha. Hata hivyo miaka ya 1970 na 1980 ilikuwa na kitu ambacho vijana wa leo hawakijui: malori ya watalii wa Ulaya yaliyovuka Sahara, yakapita Bangassou, yakaingia Zaire kwa Bondo na Buta, na mengine yakashuka hadi Kisangani kwa njia ya Banalia. Kisangani wengi wao walipiga mahema uani mwa hoteli Olympia, wakingoja meli ya shirika la ONATRA ya kushuka Kinshasa. Hawakuwa matajiri. Walinunua mananasi, mikate, bia na vipuri, na walilipa vivuko. Kila kijiji kwenye njia hiyo kiliwajua.

Njia hiyo ilikufa kiungo kwa kiungo. Barabara ilimezwa na msitu, meli za abiria zikapungua hadi ratiba ikapotea, uporaji wa 1991 na 1993 ukafukuza wafanyabiashara, vita vikaanza 1996. Juni 2000 majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana ndani ya Kisangani kwa siku sita na kuua raia wengi. Mwaka 2022 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliiamuru Uganda kuilipa Kongo dola milioni 325 kwa uharibifu wa vita vile kwa ujumla. Baadaye mradi wa Pro-Routes, kwa fedha za Benki ya Dunia na Uingereza, ulifungua tena barabara kadhaa ikiwemo ya Kisangani hadi Buta. Ni barabara ya udongo, na udongo wa msitu wa mvua unadai matengenezo kila mwaka. Ukikosa, kazi yote inarudi nyuma.

Je, watalii wa kigeni wanaweza kurudi? Wachache, ndiyo, na mbuga zetu zinafundisha masharti yake. Hifadhi ya Okapi, mashariki ya hapa, iliingia katika urithi wa dunia mwaka 1996 na katika orodha ya hatari mwaka 1997. Tarehe 24 Juni 2012 waasi waliivamia Epulu, makao ya hifadhi hiyo, wakaua watu na okapi 14 waliokuwa kituoni. Hifadhi ya Virunga ilifungua milango upya mwaka 2014 na ikapendwa sana, hadi Mei 2018 askari mmoja wa hifadhi alipouawa na watalii wawili wa Uingereza kutekwa. Ikafungwa hadi Februari 2019, na vurugu hazikuiacha tena. Serikali za Ulaya zinapoweka eneo kwenye orodha ya hatari, bima ya msafiri mara nyingi hubatilika, na bila bima hakuna kampuni inayomleta. Mgeni huyo ana nchi jirani za kuchagua. Rwanda inamtoza dola 1,500 kumwona sokwe, bei mara kadhaa ya ile iliyowahi kutozwa Virunga, naye hulipa, kwa sababu anajua siku atakayorudi nyumbani.

Kwa hiyo kwa Banalia naona ni haki kuanza na wanaosafiri tayari. Teritware ina wachimbaji na wanunuzi wa dhahabu, wafanyabiashara wa mawese na mpunga, mawakala wa serikali, wanafunzi wanaokwenda na kurudi Chuo Kikuu cha Kisangani, kwaya zinazoalikwa, na familia zinazokwenda matanga. Septemba 2021 serikali ilitangaza mlipuko wa homa ya uti wa mgongo Banalia, na madaktari, wachanjaji na maabara vikamiminika katika mji uliokuwa na vitanda vichache vya kupokea watu. Kama kungekuwa na nyumba kumi zaidi zenye maji safi na taa, kazi yao ingerahisika. Siku za kawaida nyumba hizohizo zingempokea dereva, na siku moja labda mtu aliyekuja kuangalia maporomoko ya Panga au kumtafuta okapi.

Hatua ya kwanza haidai fedha nyingi. Kwa kawaida mwenye nyumba ya wageni hujaza fomu kwa kila anayelala: jina, atokako, aendako, kazi. Fomu hizo hukusanywa kwa ajili ya usalama, zikaishia kabatini. Ofisi ya Taifa ya Utalii jimboni ikipewa nakala bila majina, ingejua ndani ya mwaka mmoja ni wangapi wamelala Banalia, mwezi gani wanaongezeka, wangapi ni wafanyabiashara na wangapi wageni wa kanisa, na siku ngapi walikwama kwa sababu ya kivuko. Kwa takwimu hizo mwenye nyumba anaweza kuomba mkopo, na Ofisi ya Barabara inaweza kuona kila siku ya kivuko kilichoharibika inagharimu mji kiasi gani.